Kipimo na Mwenye Kukishika

Je, mtu aweza kumdanganya mwenzake kwa kusema kweli? Wengi wetu tutajibu upesi kwamba haiwezekani, maana uongo ni kinyume cha kweli, na mahali ilipo kweli uongo hauna pa kuketi. Mimi nami nilikuwa na jawabu hilo nilipotoka chuo cha ualimu, na kwa miaka kadhaa nililifundisha darasani bila ya wasiwasi. Siku hizi silifundishi tena, na sababu yake ni redio.

Mwishoni mwa mwaka 2019, wakulima wadogo wa chai wa Kericho na Bomet walipokwisha kupokea bonasi, jirani yangu mmoja, mzee wa rika la baba yangu, aliniomba nifuatane naye mjini. Mzee huyu hakubahatika kusoma, lakini katika mambo ya chai hakuna wa kumfundisha. Kwa muda mrefu alikuwa ametamani redio nzuri ya kusikilizia nyimbo za Kipchamba arap Tapotuk, mwimbaji wa Kikipsigis ambaye sauti yake imefuatana naye tangu ujana. Dukani tulioneshwa redio mbili. Moja ilikuwa ndogo, nyeusi, isiyo na pambo lolote. Ya pili ilikuwa kubwa, yenye spika tatu, na taa ambazo hubadili rangi kila mdundo unapolia. Mwenye duka alizisifu zote mbili, ila ile kubwa aliisifu zaidi. Mzee hakumjibu. Alinigeukia mimi, akauliza, "Mwalimu, hapo pameandikwa nguvu ngapi?"

Nikainama, nikasoma. "Wati 12,000, mzee."

"Na hiyo ndogo?"

"Wati 40."

Mzee aliguna, akaitazama redio hii, akaitazama na ile, kisha akatoa fedha katika mfuko wa koti akazihesabu mara mbili. Redio kubwa ilipogeuzwa ili ifungwe kamba, niliona kibandiko kidogo mgongoni mwake. Kibandiko hicho kilisema kwamba redio ile hutumia umeme wa wati 60. Nilinyamaza. Fedha zilikuwa zimekwisha pokewa, mzee alikuwa na furaha, na moyoni nilijiambia kwamba mimi sikusema uongo, kwani nilisoma yaliyoandikwa.

Mwanafunzi aliyesoma fizikia kidogo aona mara moja kilichonisumbua njiani. Chombo hakiwezi kutoa nguvu isiyoingia ndani yake. Plagi ya kawaida ya nyumba zetu haikubali zaidi ya ampea 13, na umeme wetu ni wa volti 240. Ukizidisha, wapata wati 3,120. Basi hata kama redio ile ingalikunywa umeme wote ambao plagi yaweza kuupitisha, isingalifika hata theluthi moja ya namba iliyokuwa katika katoni. Na yenyewe ilikunywa wati 60 tu. Ni kweli kwamba ndani ya redio mna vifaa vinavyoweza kukusanya umeme kidogo na kuutoa kwa ghafula, kama mtu anayevuta pumzi ndipo apige kelele. Lakini kelele hiyo ni ya nukta moja, na baada yake hana budi kuvuta pumzi tena.

Nilirudi katika katoni, safari hii kwa macho ya mtu aliyeumwa. Mbele ya ile namba palikuwa na herufi nne ndogo: PMPO. Maana yake ni nguvu ya kilele ya muziki. Nilipotafuta namna kilele hicho kinavyopimwa, niligundua kwamba hakuna kanuni iliyokubaliwa na watu wote ya kukipima. Kila kiwanda chaweza kuchagua njia yake na kuandika namba inayotokea. Namba 12,000, basi, haikuwa uongo wala haikuwa kweli. Ilikuwa ni jawabu la swali ambalo hakuna aliyeliandika.

Hapo ndipo nilipotaka kujua jambo hili lilianzaje, na habari zake zina mafunzo kuliko nilivyotazamia. Lakini kwanza nilisemee neno lenyewe. Vyombo vya sauti vilivyotengenezwa kwa uangalifu viliitwa kwa Kiingereza Hi-Fi, na ukitamka hivyo mbele ya wanafunzi watacheka, kwa kuwa sikio la Mswahili husikia "haifai". Maana yake ni uaminifu mkubwa. Nao ni uaminifu wa shahidi: chombo kisizidishe sauti ya mwimbaji, kisipunguze, wala kisiongeze chake. Watu wa nchi hii ya chai wana sababu ya kulielewa jambo hilo. Mwaka 1950 Hugh Tracey alifika Kapkatet na mashine yake ya kunasia sauti, na wasichana wa Kikipsigis wakamwimbia wimbo wa Chemirocha, jina walilolitoa katika jina la Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani ambaye sauti yake ilikuwa imefika huku kwa sahani za santuri. Mwaka 2015 sauti hizo zilirudishwa kwa watu wa sehemu hiyo, wakazisikia tena. Katika mji wa Kericho wenyewe palikuwa na studio ya Chandarana, iliyorekodi wanamuziki wa Kikipsigis na wa Kiluo. Sauti za watu waliokwisha kufa zimo mikononi mwa mashine, na kama mashine ni shahidi mwongo hatuna wa kumwuliza mwingine.

Turudi sasa kwenye namba. Katika miaka ya 1950 huko Marekani watu wengi walianza kununua vyombo vya sauti kipande kipande: mashine ya kuzungusha sahani kutoka kiwanda hiki, kikuza sauti kutoka kiwanda kile, na spika kutoka kwingine. Viwanda vilikuwa vingi, baadhi yake vidogo sana, na kila kimoja kiliandika nguvu ya chombo chake kwa namna iliyokipendeza. Mnunuzi hakuweza kulinganisha. Watengenezaji wakaungana katika chama walichokiita Institute of High Fidelity Manufacturers, na mwaka 1958 chama hicho kikachapisha kanuni za kupima vikuza sauti. Hakikulazimishwa na serikali. Wauzaji wenyewe waliketi wakakubaliana: tutapima hivi, na atakaye kutusahihisha apime hivi hivi.

Ndani ya kanuni hizo palikuwa na vipimo viwili vya nguvu. Kimoja kilikuwa cha nguvu ya kudumu, na cha pili kilikuwa cha nguvu ya muziki, yaani ile ambayo chombo chaweza kuitoa kwa muda mfupi kabla umeme wake wa ndani haujalegea. Tofauti yake mtoto wa mkulima wa chai ataifahamu bila ya mchoro. Kijana mwenye nguvu aweza kunyanyua gunia la kilo 90 kutoka chini, akalishika kwa muda wa kupepesa macho. Gunia hilo hilo hawezi kupanda nalo kilima kutoka shambani hadi kituo cha kupimia majani. Ukiniuliza kijana huyu ana nguvu za kilo ngapi, nami nikajibu 90, sikusema uongo. Lakini kama ulikuwa unamtafuta mchukuzi, nimekutia hasara.

Tusiwahukumu watu wale haraka. Kipimo cha muziki kilikuwa na hoja yake. Muziki haulii kwa nguvu moja mfululizo kama king'ora. Hupanda na kushuka, na pigo kubwa la ngoma hupita upesi. Chombo kinachoweza kulibeba pigo hilo bila ya kulipotosha ni bora kuliko kisichoweza, hata kama nguvu zao za kudumu ni sawa. Mhandisi mwaminifu angaliweza kukitetea kipimo hicho mbele ya baraza lolote. Ubovu ulianza pale namba mbili, kubwa na ndogo, zilipofika mikononi mwa mwandishi wa matangazo. Mwandishi wa matangazo alichukua kubwa. Baadaye wengine wakajumlisha nguvu za spika mbili wakaziandika kama moja; wengine wakazidisha kwa mbili, kwa hoja kwamba kilele cha wimbi ni kirefu kuliko wastani wake. Kila hatua ilikuwa na maelezo. Mwisho wake chombo kimoja kiliweza kuwa na nguvu tatu au nne mbalimbali, zote zikiwa na mtu wa kuziapia.

Mwaka 1974 serikali ya Marekani iliingia kati, kwa njia ya tume yake ya biashara, ikaweka sharti. Atakayetangaza nguvu ya kikuza sauti cha nyumbani ataje nguvu ya kudumu kwa kila upande, aseme ni kwa mitetemo ipi ya sauti, na aseme upotoshaji wake ni kiasi gani. Na kabla ya kupimwa chombo kifanye kazi saa nzima kwa theluthi moja ya nguvu hiyo, kipate moto kwanza. Sharti la mwisho lanipendeza sana. Ni kama kumwambia yule kijana, panda kilima kwanza, ndipo tukupime. Hata hivyo mianya ilibaki, na mwaka 2024 tume ile ile ilibidi ikaze kanuni zake tena, ili vyombo vyote vipimwe katika hali moja. Wajerumani nao walikuwa wamejaribu njia nyingine: mwaka 1966 waliweka kanuni iliyojulikana kama DIN 45500, ikataja kiwango cha chini ambacho chombo kisipokifikia hakistahili jina la Hi-Fi. Jina hilo liliendelea kubandikwa hata kwenye vyombo visivyokaribia kiwango hicho.

Basi ni haki wauzaji kujiwekea kipimo wenyewe? Wako wasemao kwamba fisi hapewi ulinzi wa mbuzi, na kwamba kazi hiyo ni ya serikali peke yake. Sikubaliani nao moja kwa moja. Mwaka 1958 hapakuwa na serikali iliyojua kupima kikuza sauti vizuri kuliko waliokitengeneza, na kama wasingaliketi wao, fujo ingaliendelea miaka mingine kumi na sita. Aliye karibu na kazi ndiye aijuaye. Isitoshe, hata hapa kwetu chai huuzwa kwa utaratibu wa namna hiyo. Mnada wa chai, ulioanza Nairobi mwaka 1956 na kuhamia Mombasa mwaka 1969, huendeshwa chini ya chama cha biashara ya chai cha Afrika Mashariki, wala si ofisi ya serikali. Lakini angalia walio ndani ya chama hicho: wakulima wenye viwanda, wanunuzi, madalali, na wenye maghala. Anayetaka bei ipande ameketi na anayetaka ishuke. Katika chama cha watengenezaji wa vyombo vya sauti waliketi wauzaji peke yao. Mnunuzi alikuwa nje, akingoja kuambiwa.

Nilipofika hapo katika fikira zangu nilimkumbuka mzee, nikaona jambo lililonihuzunisha. Maisha yake yote amepimwa. Alfajiri huchuma majani mawili na chipukizi, kama inavyotakiwa; kituoni karani huyageuza majani juu ya turubali, akiona la tatu lililokomaa hulitupa; kisha mfuko huning'inizwa katika mizani, na uzito wa mfuko hutolewa. Mizani hiyo huishika karani wa kiwanda, ingawa kwa karatasi kiwanda ni mali ya wakulima wenyewe. Mzee haikaribii. Kisha huchukua fedha alizopata kwa mizani ya mwenzake, huenda dukani, na huko hukuta namba iliyoandikwa na mwenzake mwingine. Auzapo, kipimo anacho mnunuzi. Anunuapo, kipimo anacho muuzaji. Yeye hakishiki popote.

Twaweza kusema kwamba dawa yake ni watu wote kuwa waaminifu. Jambo hilo ni jema, lakini ni sawa na kusema kwamba dawa ya njaa ni chakula. Mimi naona alama ya kipimo chema si wema wa mtu akishikaye, bali ni kwamba mtu mwingine aweza kukirudia. Mizani ya kituoni yaaminika kwa sababu ratili ya chuma iliyopigwa muhuri yaweza kuning'inizwa juu yake mbele ya watu, na ikisema zaidi au pungufu kila mtu aone. Kanuni ya mwaka 1958, pamoja na udhaifu wake, ilikuwa na heshima hiyo: ilichapishwa. Mhandisi wa kiwanda kingine, au mwandishi wa gazeti, aliweza kuchukua chombo kile, akafuata maandishi yale, akasema, "Nimepima, sikupata." Namba ya katoni ya mzee haikuwa na njia ya kurudiwa. Hakuna awezaye kuithibitisha na hakuna awezaye kuipinga, na kwa sababu hiyo mwenye kuiandika hakuwa na haja ya kuogopa.

Nakubali kwamba jambo hili halimfai mzee moja kwa moja. Hana chombo cha kupimia mawimbi, na hata angalikuwa nacho asingalijua kukitumia. Wengi wetu tuko hivyo hivyo mbele ya dawa, mbolea, na mbegu tunazonunua. Ndiyo maana nchi huajiri watu wa kurudia vipimo kwa niaba ya wengine. Shirika la Viwango la Kenya lilianza kazi mwaka 1974, mwaka ule ule Marekani ilipoweka sharti lake juu ya vikuza sauti. Lakini shirika haliwezi kusimama katika kila duka. Katika duka lile, siku ile, aliyejua kusoma na aliyejua kuzidisha 13 kwa 240 alikuwa mimi. Mzee alinichukua niwe mizani yake.

Hapo ndipo jawabu langu la zamani liliponivunjikia. Mzee hakuniuliza maandishi yanasemaje kwa ajili ya maandishi. Aliuliza ili ajue redio ipi itamletea sauti ya Kipchamba kama alivyokuwa akiisikia. Mimi nilijibu swali la macho, nikaliacha swali lake. Namba niliyoitamka ilikuwa ile ile iliyoandikwa, hata sifuri moja sikuongeza, na bado mzee alitoka dukani akiamini jambo lisilokuwapo, naye aliliamini kwa kinywa changu. Mwenye duka aweza kujitetea kwamba katoni ilifika kwake imefungwa. Kiwanda chaweza kujitetea kwa zile herufi nne. Mimi najitetea kwa nini? Kusoma tu? Na mara ya pili, nilipoona kibandiko cha mgongoni, sikusema hata hilo la kusoma.

Nilikaa majuma matatu kabla ya kwenda kwake. Nilimkuta barazani, redio inalia ndani ya nyumba na taa zake zinacheza ukutani. Ulikuwa wimbo wa Kipchamba kweli, lakini mdundo mzito wa spika kubwa ulikuwa umelimeza gitaa, na sauti yake ilitoka kama ya mtu aliye ndani ya pipa. Nilimweleza yote: katoni, kibandiko, na ukimya wangu. Alinisikiliza mpaka mwisho bila ya kunikatiza. Kisha alimwita mjukuu wake aliye shule ya sekondari, akamwambia aizime redio na aigeuze. Kijana akasoma kibandiko kwa sauti. Mzee akamwagiza achukue kalamu afanye hesabu ya plagi kama mwalimu alivyosema, naye akaifanya juu ya kipande cha gazeti, akampa babu yake karatasi, ambaye aliishika kitambo kana kwamba aisoma.

"Na ile ndogo," mzee akaniuliza, "mgongoni palikuwa na ngapi?"

Nikamwambia kwamba ile ndogo sikuigeuza.